Usivuke Mikono Mitupu

Mama mdogo wangu ana sheria moja tu ya biashara, na hajawahi kuiandika popote: usivuke mikono mitupu. Asubuhi akitoka upande wetu wa Malaba anabeba chumvi na miche ya sabuni. Jioni akirudi kutoka Uganda anabeba maharagwe, au trei za mayai zilizofungwa kwa mpira nyuma ya boda boda. Siku akirudi bila kitu, hata kama ameuza vizuri kule, kwake ni siku ya hasara. "Na nauli ya kurudi nani amelipa?" huuliza, kana kwamba kuna mtu amebisha.

Nilimkumbuka yeye siku mwalimu wetu wa fiziolojia alipochora samaki ubaoni. Ulikuwa mwaka wangu wa pili chuoni, na wa mwisho pia, ingawa sikuwa najua. Alichora mishale miwili kwenye matamvua, yale mashavu mekundu unayotupa ukisafisha samaki: mshale mmoja wa maji, mmoja wa damu, kila mmoja ukielekea kwake. Juu yake akaandika neno moja refu la Kiingereza, countercurrent, akasema litakuwa kwenye mtihani.

Mtihani wenyewe sikuufanya. Neno nilibaki nalo.

Hesabu yake ni rahisi kuliko jina lake. Chukua maji yenye oksijeni, tuseme 100, na damu isiyo na chochote, yaani 0. Yapitishe sambamba, yakielekea upande mmoja, yakitenganishwa na ngozi nyembamba tu. Mwanzoni damu inachota kwa pupa kwa sababu tofauti ni kubwa. Halafu tofauti inapungua. Zikifika 50 kwa 50, biashara imekwisha. Yanaweza kutembea pamoja hadi kesho na hakuna atakayempa mwenzake kitu.

Sasa geuza mshale mmoja. Damu maskini inayoingia inakutana na maji yaliyokwisha kunyang'anywa karibu kila kitu, lakini bado yana zaidi kidogo kuliko yeye. Inachukua hicho kidogo. Ikisonga mbele inakutana na maji yenye zaidi, inachukua tena, na pale inapotoka inapishana na maji mapya kabisa, yenye 100 yake yote. Tofauti haikuwahi kuwa kubwa, lakini haikuisha popote. Ndiyo maana samaki wanaweza kuchota asilimia 80 na zaidi ya oksijeni iliyo majini, wakati sisi na mapafu yetu tunachukua kama robo tu ya ile tunayoivuta.

Kwa hivyo siri iko kwenye mwelekeo. Mikondo ikielekea njia moja inasawazishana na kunyamaza. Ikielekeana, inaendelea kupeana.

Neno hili halikuanzia kwa samaki. Limetoka baharini, na kabla ya wasomi kulipa jina, jambo lenyewe lilikuwa la wavuvi. Mwaka 1679 kijana mmoja wa Bologna, Luigi Ferdinando Marsili, alifika Istanbul akiwa na miaka ishirini na kitu, rika letu. Pale kuna mlango-bahari wa Bosporus, na kila mtu aliona kwa macho kwamba maji yanatoka Bahari Nyeusi kwenda kusini. Ila wavuvi walikuwa wakijua kitu kingine: chini kuna maji yanayorudi. Marsili hakuwapuuza. Alifunga vizibo vilivyopakwa rangi nyeupe kwenye kamba yenye uzito, akaishusha majini. Vya juu vilivutwa upande mmoja, vya chini vikavutwa upande wa pili. Kisha akatengeneza tangi lenye ukuta katikati, maji ya chumvi huku, maji mepesi kule, matundu juu na chini, akaona mikondo miwili ikipishana mbele yake. Sababu ilikuwa tofauti ya chumvi. Kitabu chake kilitoka 1681.

Napenda kisa hiki kwa sababu anayekaa mpakani anakijua tayari. Juu ni malori. Yanaonekana, yana makaratasi, yanaingia kwenye takwimu za serikali. Chini ni njia za panya. Ukiuliza ofisini nini kinapita Busia, utaonyeshwa mkondo wa juu. Ukimuuliza mama anayeuza nyanya, atacheka. Tangu katikati ya miaka ya 2000 watu wa takwimu wa Uganda wamekuwa wakiweka wahesabuji mipakani, wanaandika kinachopita kichwani, begani na kwenye baiskeli. Mimi nikiwafikiria naona vile vizibo vyeupe.

Kwenye pwani yetu neno hili lina maana hiyo hiyo ya bahari, na mabaharia wa kaskazi na kusi wangeielewa bila ramani. Msimu wa kaskazi, mkondo wa Somalia hugeuka na kushuka kusini, unakutana na ule wa Afrika Mashariki unaopanda, na maji yote mawili yanapinda kuelekea mashariki, bahari kuu. Mkondo huo wa mashariki ndio wataalamu wanauita kwa neno letu, kwa kuwa unaenda kinyume na mikondo mikubwa ya ikweta.

Kutoka baharini likaingia kwa watu. Na hapa kuna jina ambalo lilinifanya nisimame usiku nikatembee kidogo chumbani. Ernst Georg Ravenstein, mzaliwa wa Frankfurt aliyehamia Uingereza, alichapisha mwaka 1885 sheria zake za uhamaji. Mojawapo inasema kwamba kila mkondo mkubwa wa watu wanaohama huzaa mkondo wa kuufidia, unaorudi. Bado inafundishwa kwenye jiografia. Ambalo halifundishwi sana ni kwamba Ravenstein alikuwa mchora ramani, na mwanzoni mwa miaka hiyo ya 1880 alitengeneza, kwa ajili ya chama cha jiografia cha London, ramani kubwa ya Afrika ya mashariki kwenye ikweta. Yaani sehemu hizi. Mtu aliyesema watu huenda na kurudi ndiye aliyechora nchi yetu wakati haikuwa na mpaka wa kwenda na kurudi.

Mpaka haukuwepo, kweli. Hadi 1902, Mumias ilikuwa Uganda. Kisumu ilikuwa Uganda. Tarehe 1 Aprili mwaka huo mkoa wa mashariki wa Uganda ulihamishiwa upande wa Kenya kwa maandishi, na Wateso, Wasamia na wengine waliokuwa wakiishi pande zote za mito ya Malaba na Sio wakaamka wakiwa na shangazi ng'ambo. Mto haukuwa umesogea hata hatua moja. Na hata baada ya mstari kuchorwa, kwa miaka mingi haukuuma sana: shilingi ilikuwa moja, ya Afrika Mashariki yote. Ni mwaka 1966 ndipo kila nchi ilipopata shilingi yake. Hapo ndipo alipozaliwa yule jamaa wa Malaba mwenye bunda la noti mkononi, anayekuita "ssebo" kabla hujashuka kwenye matatu. Shilingi mbili, bei mbili. Ngozi nyembamba imewekwa, na kila upande sasa una kitu ambacho mwingine hana.

Nirudi kwenye neno. Mtafsiri akilipata haraka ataandika "mkondo kinyume", au "mkondo pinzani". Mimi sipendi yote mawili. Kinyume kinamfanya msomaji aone ugomvi, na upinzani tumewaachia wanasiasa. Matamvua hayagombani na maji.

Kiswahili kina kitenzi kingine, kipo mtaani kila siku. Kupishana. Malori mawili yakikutana kwenye daraja jembamba, yanapishana. Ukifika kwa rafiki ukaambiwa ametoka sasa hivi kuja kwako, mmepishana. Lakini pia tunasema bei zinapishana, kauli zinapishana, umri wetu unapishana kwa miaka miwili. Neno moja kwa kupita kila mtu akienda kwake, na neno lilo hilo kwa kutokuwa sawa. Sijui lugha ngapi zimeweka mambo hayo mawili kwenye kitenzi kimoja, lakini ndiyo fiziolojia nzima ya samaki hiyo: vitu viwili vinapishana kwa njia, na vinaendelea kupeana mradi vinapishana kwa kiasi. Wajerumani, waliolitumia sana jambo hili viwandani, wana Gegenstrom. Gegen ni dhidi, Strom ni mto mkubwa, na pia ni umeme. Sawa, lakini sisi tuna kupishana. Ningekuwa na mamlaka ningeandika "mikondo pishani" na kuendelea na maisha.

Mpaka wenyewe umetoa msamiati wake. Boda boda, watu wengi wanakubaliana, ilianzia hapa, kwa vijana wa baiskeli waliokuwa wakibeba abiria na mizigo kutoka kituo cha upande mmoja hadi cha upande wa pili, wakiita kwa Kiingereza cha njaa: mpaka hadi mpaka. Leo Nairobi na Kampala watu wanalitumia bila kujua kwamba limebeba safari mbili ndani yake. Magendo nayo, ukiisikiliza, ina kwenda ndani yake, na ng'ambo Waganda wanasema okugenda. Ni vile serikali ilikuja ikaliita kosa.

Busia pia kuna watu wenye ulemavu ambao kwa miaka mingi wameendesha baiskeli za magurudumu matatu, za kuzungusha kwa mikono, wakivusha mizigo ambayo wengine wangesimamishwa nayo. Maafisa waliwalegezea, na wafanyabiashara wakaelewa haraka. Sehemu nyingine mtu asiyetembea huwekwa kando. Busia aligeuka kuwa mkondo.

Lakini mfano mkubwa kuliko yote ulikuwa kahawa. Julai 1975 baridi kali iliua mibuni huko Brazil, na bei ya kahawa duniani ikapanda mfululizo hadi 1977. Uganda ilikuwa na kahawa nyingi na Idi Amin. Mkulima alitakiwa kuiuza kwa bodi ya serikali, kwa bei ndogo, kwa shilingi ambayo haikununua chochote, kwa sababu dukani hakukuwa na chochote. Wenye maduka, Wahindi, walikuwa wamefukuzwa 1972. Upande wa Kenya, kaskazini ya Malaba kwenye miteremko ya Elgon, kulikuwa na soko dogo linaitwa Chepkube. Kahawa ilishuka huko usiku, kwa punda na kwa migongo ya watu. Ikiwa inaingia, chumvi, sukari, sabuni na blanketi zilikuwa zinatoka. Wengine walitajirika kiasi kwamba Wamugunda Geteria aliandika riwaya nzima, Black Gold of Chepkube.

Watu wakisimulia Chepkube husimulia kahawa peke yake, kama mto wa upande mmoja. Mimi naona wanasahau sabuni. Mkulima wa Bugisu hakuwa anatafuta shilingi ya Kenya ili aitazame. Alitaka kuoga, alitaka chai yenye sukari. Mkondo wa kahawa ulivutwa na mkondo wa sabuni, na ule wa sabuni ukavutwa na ule wa kahawa, na kati yao ilikuwa ile tofauti ambayo siasa ya Kampala ilihakikisha haiishi. Bei ya dunia iliposhuka, Chepkube ikarudi kuwa soko dogo.

Hapa ndipo lazima niwe mkweli, maana mfano wa samaki unaweza kumlewesha mtu. Kwenye matamvua hakuna anayelinda ngozi na bunduki. Amin mwaka 1975 alitoa amri ya kuunda mahakama ya makosa ya uchumi, na adhabu ya magendo ikawa hadi kupigwa risasi. Desemba 1987 wanajeshi wa Kenya na Uganda walirushiana risasi hapa Busia, mpaka ukafungwa. Na hata bila risasi, maji hayaombwi kitu kidogo kabla ya kutoa oksijeni yake. Ukisema "tofauti ndiyo inayoendesha biashara" umesema kweli, lakini tofauti hiyo ni mtu fulani kulipwa kidogo kwa kazi yake. Mkulima hakuchagua kuwa upande wenye bei ya chini. Sayansi inaeleza jinsi mtiririko unavyodumu, haisemi kama ni haki.

Kuna mfano wa pili wa kibayolojia ambao kwangu unakaribia zaidi maisha ya hapa, nao ni figo. Ndani ya figo kuna vijibomba vinavyoshuka, vinapiga kona kali kama kibanio cha nywele, kisha vinapanda kando ya njia vilikotoka. Friedrich Henle alivieleza mwaka 1862 na jina lake likabaki pale. Vya kazi gani, haikueleweka kwa muda mrefu. Mwaka 1942 mwanakemia wa Uswisi, Werner Kuhn, akaleta wazo kutoka upande wa fizikia na viwanda: kona hiyo ni mashine ya kupishanisha. Kila hatua inatengeneza tofauti ndogo sana ya chumvi kati ya kinachoshuka na kinachopanda. Lakini kwa kuwa ni bomba moja linalokwenda na kurudi, hizo tofauti ndogo zinajumlishana, na chini kabisa chumvi inakuwa nyingi mara kadhaa kuliko juu. Ndivyo mwili unavyobakiza maji yake siku ya jua.

Samaki ana mikondo miwili tofauti, maji na damu. Figo ina mkondo mmoja unaojirudia. Mama mdogo ni figo. Ni yeye yule anayekwenda na chumvi, ni yeye yule anayerudi na maharagwe, na faida ya kila upande ukiitenga haitoshi hata chai na mandazi. Ni kona ndiyo inayolipa.

Nilidhani serikali haziwezi kuelewa jambo hili, hadi nilipoangalia vizuri kituo kipya. Tarehe 24 Februari 2018 marais Kenyatta na Museveni walifungua kituo cha pamoja cha Busia, na Malaba nayo inafanya kazi kwa mtindo huo. Zamani lori lilisimama mara mbili: kutoka Kenya, kisha kuingia Uganda. Sasa lori la kwenda Kampala linapita upande wa Kenya bila kusimama, linakaguliwa ng'ambo, ambako maafisa wa nchi zote mbili wamekaa jengo moja. La kuja Nairobi linapita upande wa Uganda na kukaguliwa kwetu. Kila mkondo unamalizia kazi yake kwenye mwanzo wa mwenzake. Mchoro wa mwalimu wangu, kwa saruji. Mfanyabiashara mdogo naye akaruhusiwa utaratibu rahisi wa Jumuiya kwa mzigo usiozidi dola 2,000, fomu moja, bila wakala. Si wote wanaojua upo.

Halafu Machi 2020. Uganda ilifunga mipaka kwa watu kwa sababu ya korona, mizigo ikaruhusiwa. Ukiisoma haraka unaona biashara imeokolewa. Malori yalipanga foleni ya kilomita nyingi kutoka Malaba, madereva wakisubiri majibu ya vipimo, wakipika kando ya matairi. Lakini watu wa miguu wakakatwa. Mkondo wa juu ulibaki, ule wa chini, ule wa vizibo vya Marsili vinavyozama, ukazibwa.

Mama mdogo alikaa nyumbani na katoni za sabuni. Alijaribu kuziuza hapa Malaba, ambapo kila mtu alikuwa anajaribu kuuza sabuni. Hapo nilielewa ile 50 kwa 50 kuliko nilivyoielewa darasani: upande mmoja wote una kitu kile kile, bei ile ile, na hakuna anayempa mwenzake chochote. Mayai ya ng'ambo yalikuwa ya bei ya chini na hakukuwa na wa kuyaleta, yetu yakapanda. Mita mia chache tu.

Karo yangu ilikuwa inatoka kwenye kona ile. Chuo kilipofunguliwa tena nilipewa tarehe ya mwisho ya kulipa, nikaomba muda, nikaambiwa mfumo haukubali. Sikufukuzwa, kwa hiyo sina hata kisa kizuri cha kusimulia. Nilikosa semista moja, kisha nyingine. Mama mdogo bado huniuliza kama wale watu wamepiga simu, kana kwamba chuo hupiga simu.

Yeye alirudi njiani siku ile ile watu waliporuhusiwa. Mtaji ulikuwa umeliwa, akaanza na pakiti kumi za chumvi. Wiki hii nilimsomea sehemu ya samaki na ile ya figo, kwa Kiswahili, nikichora mishale kwenye karatasi ya kufungia sukari. Alisikiliza hadi mwisho. Aliitazama ile kona ya kibanio cha nywele kwa muda.

"Sasa hapa kwenye kona," akasema, "huyu analipa nani?"

Nikamwambia kwenye figo hakuna anayelipwa, ingawa mwili unatumia nguvu kusukuma chumvi.

"Basi analipa," akasema. Akaangalia saa, akaangalia mkoba wangu ambao haukuwa na kitu. Nilikuwa naenda Tororo kumuona rafiki, nirudi jioni. Akafungua katoni, akatoa miche minne ya sabuni.

"Mpelekee mama Akinyi pale sokoni. Na usirudi bila mayai yangu."

Nilizibeba. Kituoni afisa alitazama sabuni, akatazama kitambulisho, akanipungia nipite. Kwenye daraja nilipishana na mzee mwenye baiskeli, trei sita nyuma, akija kwetu polepole.